Mbwa wa Yeyo

Kwetu mjomba ni mtu mkubwa kuliko daktari, na ndugu yangu Lesian alikuwa vyote viwili. Sasa niambieni, ningeanzia wapi kumshuku?

Sisi ni Waarusha wa upande wa magharibi wa Mlima Meru, kule ambako mvua hufika ikiwa imechoka, yote imeishia kwa Wameru na migomba yao. Tunalima mahindi na maharage, tunafuga, Jumapili tunakwenda kanisani kwetu, kanisa la Kilutheri. Mimi naitwa Nashilu. Lesian ni kitindamimba wa mama yetu, ambaye sote tunamwita Yeyo, na mimi ndiye niliyembeba mgongoni mpaka majirani wakauliza kama nimezaliwa na nundu. Akasoma, akafika Morogoro, akarudi na udaktari wa mifugo na miwani. Wazee walimtania: "Tumekusubiri muda wote huo uje kutibu mbwa?" Yeye alicheka tu. Alikuwa na kicheko cha marehemu baba yetu, na mimi nikikisikia nilikuwa naachia kila kitu.

Na kweli alikuja kwa ajili ya mbwa. Alikuja na mradi wa utafiti, na bosi wake Profesa Romanus, Mchaga mmoja mpole mwenye sauti ya padri. Walitukusanya nje ya kanisa, Lesian akatueleza kwa lugha yetu jambo ambalo hakuna aliyekuwa amelifikiria. Unapochinja kondoo ukakuta ini lina mifuko ya maji, unafanya nini? Unamtupia mbwa. Nani atakula ini bovu, na nani atanyima mbwa? Sasa, alisema Lesian, ndani ya mifuko ile kuna vijidudu. Mbwa akivila vinageuka minyoo midogo ya tegu tumboni mwake. Mayai ya minyoo yanatoka na kinyesi, yanashika kwenye manyoya, kwenye majani, kwenye mikono ya watoto. Mtoto akiyameza, mifuko ileile ya maji inaota kwenye ini lake mwenyewe.

Mama mmoja nyuma alikuwa ameshika mkono wa mwanawe, akaufuta kwenye sketi yake, akaufuta tena. Tangu siku hiyo, ini bovu tulilichoma moto, hata kama kuni ni za shida.

Baadaye mradi ukaleta vidonge vya mbwa. Vijiji viwili viliingia: cha kwetu, na kile cha ng'ambo ya korongo ambako mgawaji alikuwa Nalepo, mwanamke mcheshi tuliyeimba naye kwaya moja. Kwetu mgawaji nilikuwa mimi. Lesian mwenyewe aliniteua, na mimi nilijisikia, siwafichi. Nilikuwa navificha vidonge ndani ya tonge la ugali lenye mafuta ya kondoo, napita boma kwa boma. Mbwa walinipenda. Wakiniona kwa mbali wanatingisha mikia, wanameza tonge, wanalamba vidole vyangu kuomba jingine. Nilijiona muuguzi.

Boma moja tu sikulihudumia, la Yeyo. "Wale niachie mimi, dada," Lesian aliniambia. "Ni wakali." Hawakuwa wakali kihivyo, lakini nilimwachia. Yeye alikuwa na vidonge vyake mfukoni, na kila akivitoa, mbwa wa Yeyo walitikisa vichwa, wakatoa povu mdomoni, wakaenda kutafuna majani. Yeyo alilalamika kwamba anamuulia mbwa. Lesian akacheka. "Mbwa wako wanadeka kama wewe, Yeyo." Likizo zote watoto wake walikuwa wanatoka kwao Sekei, mjini, wanakuja kulala kwa bibi yao, wanakimbizana na mbwa wale mpaka jioni.

Mnajua binadamu. Mvua moja ikapita, ya pili ikapita, watu wakaanza kusema mbwa wana dawa, sasa kuni za nini? Moja moja, maini yakarudi kutupwa. Mimi nami, mgawaji mkuu, nikawa wa kwanza kuona hakuna haja. Krismasi moja tulichinja kondoo dume hapa kwangu, tukamfungua, ini limejaa mifuko ya maji. Nikamrushia mbwa wetu, Bosi. Lesian alikuwa amesimama palepale na sahani mkononi. Aliniona. Nikamtania: "Daktari usinikamate, wagonjwa wako wana kinga."

Alicheka kidogo. Diana, mwanangu, alikuwa amekaa chini kamkumbatia Bosi shingoni. Bariki, mtoto wa Lesian, naye alikuwa anakwenda kukaa nao. Lesian akamwita. "Bariki, njoo ukae huku na mimi." Nikafikiri, angalia mwanaume anavyompenda mwanawe. Tukaingia ndani kula.

*

Diana ndiye mtoto pekee niliyejaliwa. Mimba nyingine ziliharibika, na mume wangu Lemburis, ambaye yuko minadani na ng'ombe wiki nzima, hajawahi kunisema kwa hilo. Kwa hiyo Diana alipoanza kushika ubavu wa kulia na kukataa chakula, sikusubiri. Zahanati walisema minyoo. Kisha wakasema taifodi. Kisha wakasema anadeka. Nikampeleka mjini hospitali.

Walimpaka mafuta ya baridi tumboni, wakampitishia kile kipimo cha ultrasaundi. Kwenye kioo ini lake lilikuwa la kijivu, na katikati yake duara jeusi, safi, kubwa kama chungwa. Daktari alilitazama kwa muda mrefu. Alikuwa mwanamke, Daktari Anna, mpasuaji, mtu wa maneno machache.

"Nyumbani mnafuga mbwa?"

"Tunafuga," nilisema, "lakini wa kwetu wanapewa dawa ya minyoo na mradi. Mimi ndiye ninayewapa."

Nilisema kwa fahari, Mungu anisamehe. Daktari akasimamisha kipimo, akanitazama. "Basi hapo sielewi," akasema.

Nikampigia Lesian. Alifika kabla sijamaliza kumvalisha mtoto. Alitazama ile picha, akatoka nje kwenye korido, akakaa kwenye benchi, akalia. Mwanaume mzima, na miwani yake. Mimi ndiye niliyembembeleza. Nilimfuta machozi kwa khanga yangu nikamwambia si kosa lako, umefanya yote uliyoweza.

"Dawa nayo hukosea wakati mwingine, dada," akasema.

"Hukosea," nikamjibu. "Usijitese."

Hayo maneno yangu nikiyakumbuka hata sasa nasikia joto masikioni.

Daktari Anna alitueleza. Kwanza mtoto anywe dawa kwa wiki kadhaa, vile vidudu vya ndani vidhoofike, halafu apasuliwe na mfuko utolewe mzima. Kilichotakiwa ni kimoja: mfuko usipasuke kabla. Ukipasukia tumboni, yale maji yanaweza kumuua mtoto papo hapo, au yakamwagia mbegu mwili mzima. Asianguke, asirukeruke, asipande bodaboda, asisafiri kwenye barabara yetu ya mashimo. Muuguzi wa wodi, Tabea, Mmeru wa Akheri, alichukua yai kutoka kwenye chakula chake cha mchana akamwekea Diana kiganjani. "Umebeba hili hapa ndani," akamwonyesha ubavu. "Wewe ni kuku anayetembea. Kuku anayetembea na yai hakimbii, sawa?" Diana alicheka, na tangu hapo alitembea polepole kwa hiari yake, akishika ubavu, na akimwona Tabea anatoa mlio wa kuku. Yule mama alinifundisha jinsi ya kumlaza, jinsi ya kumpa dawa na chakula cha mafuta ili ifanye kazi, na asubuhi nyingine alinisuka nywele huku tunasubiri majibu ya damu, kwa sababu, alisema, mgonjwa akimwona mama yake amechakaa anaogopa.

Kurudi kijijini haikuwezekana, kwa hiyo tukahamia Sekei kwa Lesian. Mkewe Esther alitupa chumba cha watoto. Diana alikuwa na raha. Alimwita mjomba wake "apu", naye Lesian alimwita Diana "apu", maana kwetu neno ni hilohilo moja, mjomba analitumia kwa mpwa na mpwa kwa mjomba, hakuna mkubwa wala mdogo. Kila jioni akirudi kazini alimletea maembe. Alimbeba kutoka kwenye kochi mpaka mezani ili asijikwae. Mimi nilikuwa naangalia, namshukuru Mungu kwa kunipa ndugu.

*

Kisha ikaja siku ya mrejesho. Mradi ulikuwa umekwisha na watafiti walitaka kurudisha matokeo kwa wananchi wa vijiji vyote viwili, mahema, viti vya plastiki, soda, pilau. Esther akabaki na Diana, mimi nikaenda, maana mgawaji hawezi kukosa. Walinikalisha mbele pamoja na Nalepo.

Profesa Romanus alianza kwa kutushukuru, kisha akatuomba sisi wagawaji tuwaeleze watu kazi ilikuwaje. Nalepo akadakia. Yule mwanamke mpe kipaza sauti uone.

"Jamani mimi mbwa wa kijiji chetu wananichukia," alisema. "Dawa ile ni chungu. Mbwa akimeza, povu, anatikisa kichwa, anakwenda kula majani. Mara ya pili akiniona tu anaruka uzio. Kuna mmoja mpaka leo nikienda kanisani ananibwekea mimi tu, mchungaji hambwekei."

Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Mimi nilicheka pia, mwanzoni. Halafu nikaitazama mikono yangu. Wa kwangu walilamba vidole.

Profesa akawasha picha zake ukutani mwa kanisa. Akasema katika kijiji kimoja, mwisho wa utafiti, mbwa wenye tegu walikuwa wamebaki wachache sana, hata unaweza kuwataja kwa majina. Katika kijiji cha pili walikuwa vilevile kama mwanzo, au wameongezeka kidogo. Akasafisha koo. Kijiji cha kwanza ni cha Nalepo. Kijiji cha pili ni hiki. Vidonge vya hapa vilikuwa vya kulinganishia. Havikuwa na dawa.

Mwenyekiti wetu, mzee Lemomo, akasimama taratibu akiegemea fimbo yake. "Kwa hiyo sisi tulikuwa kipimo?"

"Mlikuwa nusu ya ushahidi, mzee wangu," Profesa akasema kwa upole uleule. "Bila ninyi hakuna ambaye angeamini kwamba dawa ndiyo iliyofanya kazi. Kijiji kipi kipate nini, iliamuliwa kwa kura. Na mwanzoni kabisa tulisema hapa hapa kwamba vijiji vitalinganishwa."

Hakudanganya. Walisema. Sisi tulidhani wanalinganisha nani ana mbwa wengi, na tulikuwa tumejiandaa kushinda.

Akaendelea. Kuanzia siku hiyo mbwa wetu wote wangepewa dawa ya kweli, na watoto wote wa kijiji wangepitishiwa kipimo, na atakayekutwa na uvimbe atatibiwa. Aliomba radhi kwa wale walioumizwa. Halafu akasema, "Na niwahakikishie jambo moja. Hata vijana wetu waliokuwa wanakuja hapa hawakujua nani ana nini. Daktari Lesian, mtoto wenu, naye hakujua. Ndivyo utafiti wa kweli unavyofanyika."

Mzee Lemomo alimgeukia Lesian. Alimtazama, akatikisa kichwa kwa huruma. "Kumbe nawe ulidanganywa kama sisi, mwanangu." Watu wakaguna, wakalainika, na mmoja nyuma akaanza kupiga makofi, wengine wakafuata. Walimpigia makofi ndugu yangu kwa kudanganywa pamoja nao. Yeye aliinamisha kichwa.

Mimi sikupiga. Nilikuwa naona uwanja wa mama yetu, na mbwa wawili wanatikisa vichwa, povu linadondoka, na mtu mwenye kicheko cha baba anasema wanadeka.

*

Nilimkuta Lesian Sekei, uani, anaosha gari. Ndani watoto walikuwa wanatazama katuni, namsikia Diana anacheka kwa uangalifu, kicheko cha mtu aliyebeba yai.

"Mbwa wa Yeyo walitoa povu," nikamwambia.

Hakuniuliza nina maana gani. Alifunga bomba la maji. Alichukua kitambaa akaanza kujifuta mikono, akaendelea kuifuta hata ilipokuwa imekauka.

"Ulijua tangu lini?"

"Tangu mwanzo. Niliona mbwa wako hawakatai. Nikaonja kidonge kimoja." Alimeza mate. "Kilikuwa kitamu."

"Ukaniacha niendelee kugawa."

"Dada, nisikilize. Mtu wa utafiti akijua halafu akasema, kazi yote inaharibika. Miaka yote ile inakuwa takataka. Sasa imejulikana kwamba dawa inafanya kazi, wilaya nzima itapewa, labda nchi nzima. Hebu hesabu watoto watakaopona kwa sababu hiyo."

"Hesabu wewe uliyesoma. Mimi wa kwangu ni mmoja."

Akakitupa kitambaa juu ya gari.

"Ungeniambia mimi peke yangu," nikasema. "Sikioni. Dada, endelea kuchoma ini. Basi. Ningechoma."

"Ungewaambia wenzako. Unaufahamu mdomo wako."

Labda ilikuwa kweli. Lakini siku ile ya Krismasi alisimama na sahani mkononi akaniona nikimtupia Bosi lile ini, na mdomo wake yeye haukufunguka. Halafu nikakumbuka kwamba ulifunguka.

"Ulimwita Bariki. Ulimwambia njoo ukae huku na mimi."

Alitazama chini, kwenye povu la sabuni linaloelekea mferejini.

"Bariki ni mwanangu," akasema.

Nikasubiri aongeze kitu. Kwamba hakufikiri, kwamba alipitiwa, kwamba Diana naye ni mwanawe. Hakuongeza. Hapo ndipo moyo wangu uliponitoka. Ya kura ningeweza kuyameza, na ya Profesa, na hata ya vidonge vitamu. Wale ni watu wa kazi, hawanijui. Huyu nilimbeba mgongoni. Aliwajengea watoto wake uzio kwa kuwapa mbwa wa Yeyo dawa ya kweli, akamwacha wangu nje, akaniangalia nikimlisha kifo kwa mkono wangu huku najiona muuguzi. Kisha akalia kwenye benchi, nikamfuta machozi. Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako. Wangu nilimfulia na nguo zenyewe.

Ningekuwa na nguvu ningemchukua mtoto niondoke saa ileile. Niende naye wapi, na lile yai tumboni, na barabara ile? Nikalala kwake. Nikala ugali wake. Mchawi mpe mtoto akulelee, watu husema wakicheka. Mimi nilifanya hivyo bila kucheka hata kidogo. Kwa Diana sikusema neno, kwa sababu Daktari Anna alituonya mtoto aende kwenye upasuaji akiwa mtulivu. Kwa Lesian nilisema moja tu: siku ya upasuaji asikanyage hospitali.

*

Siku ilifika. Diana alivalishwa gauni la kijani la hospitali lililomzidi, Tabea akamfunga kofia ya karatasi kichwani akampa kioo ajione. Lemburis alikuwa amekuja, amesimama dirishani anazungusha funguo za nyumbani mkononi, hajui pa kuziweka. Mchungaji alikuwa ameshaomba. Kitanda cha magurudumu kikaletwa mlangoni.

"Apu yuko wapi?" Diana akauliza.

"Yuko kazini, mwanangu."

"Hajanibariki."

Kwetu mtoto anapokwenda kwenye jambo kubwa, iwe tohara, ndoa au safari, mjomba wake humbariki. Anamtemea mate kidogo kichwani, manyunyu tu, anamtakia uzima, naye huitikia. Baraka ya mjomba haina mfano, na laana yake haina dawa, watoto wanakua wakijua hivyo. Nilimwambia mchungaji amekuombea. Akasema anajua, lakini apu. Lemburis akasema mimi baba yako nitakubariki. Akasema sawa baba, na apu pia. Alianza kupumua kwa haraka, machozi yanakuja, mkono ubavuni. Tabea akamshika kiganja akanitazama mimi.

"Mama Diana, huyo mjomba yuko mbali? Sipendi aingie ndani akiwa analia. Daktari anaweza kutusubiri kidogo."

Nikampigia simu mtu niliyeapa sitampigia. Alipokea kabla haijalia vizuri. Alikuwa nje getini, kumbe tangu asubuhi, ndani ya gari.

Aliingia hajanyoa. Hakunitazama. Diana alipomwona uso wote ulifunguka, akajivuta akakaa, akavua ile kofia ya karatasi mwenyewe, akainamisha kichwa na kufumba macho. Kisogo chake kilikuwa kimenyolewa vizuri, chembamba, cha mtoto.

Lesian akainama juu yake. Akafungua mdomo. Ukatoka upepo.

Akafunga, akameza, akajaribu tena. Niliona koo lake likipanda na kushuka. Midomo yake ilikuwa mikavu imeshikana pembeni, na ulimi unatafuta kitu ambacho hakipo. Akajaribu mara nyingine. Hakuna. Hata tone. Akanitazama, kwa mara ya kwanza tangu siku ile ya bomba, na macho yake yalikuwa yanaomba kitu, sijui maji, sijui msamaha. Chupa ya maji ilikuwa mkononi mwangu. Sikumpa.

"Apu, bado?" Diana akauliza, macho bado kayafumba.

Nikamsukuma Lesian kwa bega, akasogea. Nikainama mahali pake, nikamtemea mwanangu mimi, manyunyu, katikati ya kichwa, nikamtakia moyoni kila nilichokuwa nacho. Kisha nikanyooka, nikarudi nyuma hatua moja.

Diana akagusa kichwa chake, akahisi unyevu, akatabasamu. Akafumbua macho, na aliyekuwa karibu yake zaidi alikuwa Lesian.

"Ashe, apu," akasema. Asante.

Angeweza kunyamaza. Angeweza kusema ni mama yako. Tabea alikuwepo, Lemburis alikuwepo, mimi nilikuwepo, na wote tulikuwa tumeona.

"Ashe, apu," Lesian akamjibu, na akamshika kichwa.

*

Mfuko ulitoka mzima. Daktari Anna alisema ulikuwa rangi ya maziwa na haukuchuruzika hata kidogo, na kwamba mtoto ana bahati. Diana yuko nyumbani, ana kovu refu ambalo anawaonyesha wenzake kwa hongo ya karanga. Watoto wengine wa kijiji walipimwa, wawili wakakutwa na uvimbe mdogo, wanaendelea na dawa. Bosi sasa anatoa povu na ananikimbia.

Jumapili ya shukrani tulipeleka kondoo dume kanisani, akanadiwa nje baada ya ibada, mzee Lemomo akamnunua. Lakini kabla ya hapo, ndani, mchungaji alimwita Diana mbele aseme neno. Nilikuwa nimemfundisha amshukuru Mungu, madaktari, na muuguzi Tabea. Akawashukuru wote, kwa sauti nzuri, halafu akaongeza la kwake.

"Na ninamshukuru apu wangu. Niliogopa sana, akanibariki, nikaacha kuogopa. Mate yake ndiyo yaliyoniponya."

Ningefanya nini? Nisimame katikati ya kanisa nimwambie mtoto aliyepona kwamba mjomba wake hakuwa na mate? Yeyo alikuwa analia kwa furaha. Lemburis alitazama magoti yake.

Lesian alikuwa amekaa mbele yangu, benchi moja. Niliona shingo yake inakakamaa, nikasema moyoni, sasa. Sema sasa, hata kama ni kidogo, hata kama ni kwa kutikisa kichwa, nami nitaanza upya kukuita ndugu.

Akasimama. Akatabasamu lile tabasamu la baba, akamnyooshea Diana mikono, na kanisa zima likasema amina.

Mdomo wangu ulikuwa umejaa mate. Nikayameza.